Moshi wa Boma na Uwanda Mkubwa

Mtu mmoja alikuwa na ng'ombe, na ng'ombe wake hawakuwa na mahali pa kukanyaga. Aliitwa Kitundu. Kwao ilikuwa nchi ya juu, nchi ya mawe na upepo, na miti yake ilikuwa imekwisha siku nyingi. Babu zake walikata magogo, baba yake akakata visiki, na yeye alipokuwa kijana alichimba mizizi. Baada ya mizizi hapakuwa na kitu cha kukata, na mvua nayo, kana kwamba iliitafuta miti ile isiione, ikaanza kupita juu kwa juu bila kushuka. Ng'ombe wakafa mmoja mmoja. Walipobaki wachache, Kitundu alimwambia mkewe, Yusta, afungashe vyombo. Hao wachache wote walikuwa uzao wa ng'ombe mmoja mwekundu ambaye baba yake alimwachia alipokuwa anakata roho, akimwambia kwamba mtu anaweza kuishiwa na kila kitu, lakini maadamu uzao huo upo, nyumba yao ipo. Kitundu hakuwa mtu wa kushika maneno mengi. Hilo moja alilishika.

Wakashuka kuelekea magharibi, wakaingia mwituni, na mwituni kulikuwa na mbung'o. Asiyemjua mbung'o atamdharau, maana kwa kumtazama ni nzi tu, mwenye mabawa yaliyolaliana mgongoni kama mkasi uliofungwa. Lakini ng'ombe akiumwa naye, manyoya humsimama, macho humtoka machozi, naye hukonda huku majani yako mbele yake, hata siku moja ajaribu kuinuka asiweze. Hata mwanadamu hasalimiki, kwani wako mbung'o wanaoleta malale, na mwenye malale husinzia mchana kweupe mpaka usingizi umchukue moja kwa moja. Kitundu alipoteza ng'ombe njiani. Kila alipomwacha mmoja nyuma hakugeuka kumtazama. Yusta ndiye aliyegeuka, kwa niaba yao wote wawili.

Ndipo siku moja mwitu ukakoma ghafla, kama ukuta unavyokoma. Mbele yao palikuwa na uwanda, mpana hata macho yalichoka kabla ya kufika upande wa pili. Majani mafupi, hakuna kichaka, hakuna kivuli. Ng'ombe walipokanyaga pale waliacha kupiga mikia. Mchungaji anajua maana ya ng'ombe kuacha kupiga mkia, kama mama anavyojua maana ya mtoto mgonjwa kuacha kulia na kuomba uji. Mbali, pande zote, moshi mwembamba ulipanda hapa na pale ukafanya duara: watu walikaa ukingoni, mwitu unapoanza, na katikati hapakukaa mtu. Kitundu akapiga magoti, akamshukuru Mungu aliyemwekea mahali patupu.

Akajenga boma lake katikati kabisa. Na kwa kuwa alikuwa mfugaji mwenye bidii, kila jioni aliwasha moto wa samadi kavu upande unakotoka upepo, moto usio na ndimi, wenye moshi tu, nao moshi ukajaa zizini na kulifunika boma lote. Hakuna nzi aliyethubutu kuuvuka. Kitundu alipenda kuketi ndani ya moshi ule, macho yakimwasha, akiwasikia ng'ombe wakicheua. Ilikuwa mara yake ya kwanza kwa miaka mingi kuketi bila kuogopa kitu, na alijua, au alidhani anajua, kwamba raha ile ni kazi ya mikono yake mwenyewe.

Watu wa ukingoni hawakumfukuza. Walimjia na unga na kuku, wakamkaribisha. Aliyewaongoza ni Milembe, mjane wa makamo aliyekuwa msimamizi wa ufyekaji, pamoja na mzee Kasele, ambaye hakuweza kusema neno zito bila kulitia chumvi ya mzaha. Walimtembeza hadi ukingoni wakamwonyesha kipande cha mwitu, kati ya kichuguu kikubwa na mti uliopigwa na radi. Wakamweleza kwamba kila nyumba ina kipande chake, na kabla ya mvua za kwanza kila mtu hufyeka cha kwake, ili mbung'o wakose kivuli cha kuingilia uwandani, kuanzia chini kabisa, vichaka na machipukizi, akayasukuma kwenda nje, yakachomwa. Majivu yake ndiyo mashamba yao. Humo ndimo ulezi na maboga yao huota, ndiyo sababu wanakaa ukingoni. Haya walimwambia. Hawakumwambia nani alianza kufyeka, wala kwa nini katikati hapana nyumba. Kwa desturi yao mgeni mwenye vumbi miguuni halishwi msiba pamoja na ugali.

Kitundu alisikiliza mpaka mwisho, kisha akakataa. Hakukataa kwa jeuri. "Mama," alimwambia Milembe, "mimi natoka mahali palipofyekwa. Tulikata mpaka mvua ikatuhama. Niliapa sitainua tena shoka juu ya kitu kinachochipua." Akaongeza kwamba yeye kwa mbung'o hana shida, moshi wake unamtosha. Milembe alimtazama akaona kwamba huyu si mvivu, ni mtu mwenye kidonda, na kidonda hakibishaniwi. Wakaaga. Njiani Kasele alisema kwamba aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka, basi apewe muda azoee kamba. Wakacheka kidogo, wakaenda zao.

Kipande kile kikabaki. Tena hakikubaki hivi hivi, kilitunzwa. Kitundu alikizungushia miiba mbuzi wasikitafune. Kila baada ya siku chache alikwenda kuketi ndani yake, kwa kuwa uwandani hapakuwa na kivuli, akashika matawi kama mtu anavyoshika mashavu ya mtoto wa ndugu yake aliyempoteza. Vichaka vikanenepa. Kwa kila jani jipya moyo wake ulisema kwamba kosa la baba zake analilipa yeye, polepole, jani kwa jani. Ni nani angemlaumu? Alichokuwa akikipenda kilikuwa chema, ila hakujua amekipenda mahali gani.

Ukingoni palikuwa na shule, na mwalimu wake, Fulgensi, alikuwa na mazoea ya kuvuka uwanda jioni kuja kunywa maziwa kwa Kitundu. Alikuwa mtu wa kusoma sana na wa kusema polepole. Jioni moja, akiwa ameshika kibuyu, aliutazama moshi jinsi ulivyosimama juu ya boma, akasema kwamba jua nalo lina boma la namna hii. Akaeleza kwamba jua halitoi mwanga tu, linapuliza pia. Pumzi yake hutoka pande zote bila kukoma, hupita dunia hii, hupita sayari zote, ikaenda mbali mno, hata ikutane na vumbi na hewa nyembamba iliyo kati ya nyota. Hapo nguvu yake huisha. Nafasi yote iliyojaa pumzi hiyo ni kama povu moja kubwa, na sisi tumo ndani. Iko mionzi mikali inayotoka mbali, kwenye nyota nyingine, nayo kwa sehemu kubwa huzuiliwa na povu hilo isitufikie.

Kitundu alifurahi kama mtu aliyesikia habari njema za ndugu yake. Mwalimu akaendelea. Nje ya povu hilo, alisema, lipo jingine, kubwa kiasi kwamba lile la kwanza ndani yake ni punje ya ulezi ndani ya ghala. Hilo jua halikulifanya. Zamani, kabla hapajawa na jicho la mtu la kutazama mbingu, palikuwa na nyota kubwa kubwa, na kila moja ilipofika mwisho wake ilipasuka, na kishindo chake kikalisukuma vumbi kwenda nje. Ikapasuka moja, ikafuata nyingine, na nafasi ikazidi kupanuka. Wakati huo jua lilikuwa mbali, likisafiri njia yake. Lilikuja kuingia baadaye, likakuta njia nyeupe. Na vumbi lililosukumwa lilirundikana kwenye kingo za povu, na huko kwenye marundo ndiko nyota changa zinakozaliwa.

Kitundu akauliza kama zile nyota zilizopasuka bado zipo. Mwalimu akasema hazipo. Akauliza tena kama jua liliwahi kuitwa likafanye kazi yoyote huko ukingoni. Mwalimu akacheka, akasema la, jua linapuliza tu na kwenda zake. "Basi jua na mimi ni ndugu," Kitundu alisema. "Tumekuta patupu, na kila mmoja ana moshi wake."

Mwalimu alikuwa na la kusema, lakini alikuwa anakunywa maziwa ya mtu, chini ya paa la moshi wa mtu. Alisema tu kwamba wataalamu wanaamini kuwa jua likipita mahali penye vumbi zito, povu lake husongwa likanywea, boma likawa dogo. Kisha akamaliza maziwa, akashukuru, akaenda. Yusta, aliyekuwa akisuuza vibuyu, alimwuliza mumewe hapa walipo pamefagiliwa na nani. Kitundu akamjibu kwamba ni Mungu. Yusta akasema haya, lakini Mungu naye hutuma watu.

Ukapita mwaka, ukaja mwingine. Upande wa kushoto wa kile kipande palifyekwa, upande wa kulia palifyekwa, nacho kikatokeza kama ulimi, kisha ulimi ukarefuka. Mbegu ziliangushwa na ndege, mvua ikazikuza, na vichaka vikaanza kuingia uwandani, kimoja mbele ya kingine. Ng'ombe wa Kitundu walikuwa katikati, mbali. Wa kwanza kufikiwa alikuwa maksai wa Milembe, wa pekee, aliyekuwa akivuta jembe lake. Manyoya yalimsimama, akakonda, akafa. Kitundu aliposikia alikwenda kumpa pole, akampelekea maziwa. Milembe aliyapokea kwa mikono miwili, akamshukuru, hakusema zaidi. Mtu aliyekushika mkono kukufariji humwambii kwamba yeye ndiye aliyekuletea msiba. Kitundu akarudi nyumbani akifikiri kwamba laiti mama yule angejua kuwasha moshi kama wake.

Kisha mbung'o wakafika kwake. Alianza ndama mmoja, akafuata mwingine. Kitundu akawasha moto wa pili, na wa tatu. Samadi ya jioni haikutosha, akawasha tangu asubuhi. Aliona kwamba ng'ombe wakienda mbali kulisha hurudi na mbung'o wamewang'ang'ania chini ya tumbo na kwapani, kwa hiyo akawazuia wasivuke moshi. Akalivunja zizi akalijenga upya, dogo zaidi, ili moshi uwe mzito. Ng'ombe wakasongamana, mbavu kwa mbavu, salama na wenye njaa. Yusta akaanza kukohoa. Macho yake yakawa mekundu, na alipoinama kukamua alikuwa akipapasa. Kitundu alimwona, naye alijiona, lakini alijua njia moja tu ya kujikinga, na mtu mwenye njia moja huikaza hata pale inapomkaba. Mtamba mwekundu, aliyefanana na ng'ombe wa baba yake mpaka doa jeupe la kwapani, alikuwa na mimba. Alfajiri moja Kitundu alimpapasa shingoni, mkono wake ukakutana na manyoya yaliyosimama. Aliuacha mkono pale muda mrefu.

Msimu wa kufyeka ulipokaribia tena, wanawake wa ukingoni waliuvuka uwanda asubuhi, mmoja nyuma ya mwingine, wamejifunga kanga viunoni, kila mmoja na unga wake kichwani. Hawakupiga hodi kwa sauti. Waliketi chini mbele ya nyumba, wakanyoosha miguu kama watu wanavyoketi msibani. Mmoja wao akamwambia Yusta, "Pole na msiba, dada." Yusta kwa mazoea akajibu kwamba ameshapoa, kisha akashtuka, akauliza nani amekufa. Wanawake wakatazama chini. Kitundu alikuwa amesimama mlangoni na kikombe cha uji mkononi. Akauliza yeye mwenyewe, nani amekufa.

"Ni wewe, baba," Milembe alisema, bila kumtazama.

Msichana mmoja aliyekuwa nyuma alicheka ndani ya kanga yake, akafinywa na mama yake, akanyamaza. Yusta alimtazama mumewe kuanzia miguuni mpaka kichwani, kama anayehakikisha, akasema maiti huyu amekunywa uji wangu wote. Hapo hata Milembe alitabasamu kidogo. Kisha akaanza kueleza, kwa sauti ya chini, sasa akimtazama Kitundu usoni, kwa kuwa mgeni wa miaka miwili si mgeni tena na anaweza kulishwa msiba.

Alisema kwamba zamani mahali hapa palikuwa mwitu mtupu, na watu walikaa ndani yake wakifa. Ili kuukata mwitu ilibidi uingie palipo na mbung'o, hakuna namna nyingine. Wakaingia. Walianzia hapa katikati, wakakata kwenda nje, na waliokata walikuwa wakijua kwamba wengi wao hawatakaa katika nafasi wanayoifungua. Mtu alipozidiwa akaanguka na shoka mkononi, wenzake walimaliza kipande chake kwanza, siku ile ile, ndipo wakamzika, pale pale alipoanguka, ili mwitu usiseme umeshinda. Kwa kila aliyeanguka uwanda ulipanuka. Ndiko ilikotoka sheria yao. Kipande cha aliyekufa hufyekwa na watu wote. Kipande cha aliye hai ni chake peke yake, kwani kumfyekea mtu anayepumua ni kumzika. Walimngoja Kitundu mwaka wa kwanza, wakamngoja mwaka wa pili, hakuna aliyegusa jani lake, kwa kumheshimu. Sasa vichaka vilikuwa vikienda bomani kwake mwenyewe, na ng'ombe wake walikuwa wakifa, na watu walikuwa wamekaa wakatafuta njia, wakaiona hii moja tu. Wamlilie. Wakishamlilia, akae salama boma lake, ng'ombe wake wale majani kama kawaida, mkewe wataamkiana naye kama mjane, na yeye hataombwa kitu tena maisha yake yote.

"Hatuna ugomvi nawe," alisema. "Tunataka ruhusa ya kufyeka, na kwetu ruhusa hiyo hutolewa na kifo tu."

Kitundu aliuliza wale waliotangulia wamezikwa wapi. Milembe akayatazama majani mafupi mbele ya nyumba, nyuma ya nyumba, na zizini walikosongamana ng'ombe, akasema, "Unakaa kwao, baba."

Wanawake waliondoka. Unga wa msiba haurudishwi, kwa hiyo Yusta aliupika. Alikula unga wa matanga ya mumewe huku mumewe ameketi mbele yake, na alipomtengea tonge lake, Kitundu hakuweza kulimeza.

Siku ya kufyeka alikwenda ukingoni mikono mitupu. Hakujificha, ila hakujionyesha pia; alisimama nyuma ya kichuguu, majani yakimfika kifuani. Watu wote walikuwapo, na mzee Kasele alikuwa akipita akiita majina, kipande kwa kipande. Mwenye kipande akiwa hai, aliitikia "Nipo," akaingia na panga lake. Jina likiwa la mtu aliyekufa, Kasele aliliita, wakanyamaza wote kidogo wakingoja, kana kwamba mara hii huenda akajibu; asipojibu, watu wote waliitikia kwa pamoja, "Tupo." Hapo wakafyeka, na Kitundu alisikia majina mengi ya namna hiyo, ya wanaume na ya wanawake, majina aliyokuwa akitembea juu yake tangu siku alipopiga magoti.

Wakakifikia kipande chake. Kasele akaita, "Kitundu!" Mzee yule, ambaye hakuweza kusema neno zito bila mzaha, safari hii hakuweka mzaha wowote.

Kukawa kimya. Na katika kimya kile Kitundu aliona mambo yote kwa wazi, kama mtu anavyouona mkono wake. Akinyamaza, hakuna kitakachoharibika. Vichaka vitafyekwa leo hii na mikono ya watu wengi, haraka na vizuri kuliko mikono yake. Ng'ombe watapona, wale wa kupona. Kiapo chake hakitavunjika, maana si yeye aliyekata. Yusta ataacha kukohoa. Uzao wa ng'ombe mwekundu utakuwapo. Ila nyumba ambayo baba yake aliisema, itakuwa nyumba ya nani? Aliwatazama watu wale waliosimama na mapanga, wakimngoja aliyekufa ajibu. Akamwona Milembe katikati yao, ameinamisha kichwa, akimlilia kwelikweli, kwa kuwa watu wale hawakujua kulia kwa uongo, hata mtu aliye hai walimlilia kwa machozi yao halisi. Vifua vilikuwa vimeshajazwa pumzi ili kuitikia.

"Nipo," Kitundu alisema.

Sauti ilitoka imekwaruzwa na moshi wa miaka. Watu wakageuka. Akatoka nyuma ya kichuguu na kikohozi kikimtikisa, na mzee Kasele, macho yamemlowa, akasema kwamba amezika wengi lakini hajawahi kuona maiti mwenye kikohozi kama hiki. Wakacheka, kicheko kile cha watu walioshusha mzigo. Mtu akampa panga. Hakuna aliyemwambia neno juu ya miaka miwili, wala juu ya maksai wa Milembe, na alipoingia kwenye kipande chake hakuna aliyemfuata, kwa kuwa kilikuwa chake. Alikata tangu asubuhi hiyo mpaka kivuli chake kikawa kirefu. Alilia alipokuwa akikata, nao walifanya kana kwamba hawaoni. Kiapo chake alikivunja kichaka kwa kichaka, akijua anavunja nini, akagundua kwamba kufyeka kwa baba zake na kufyeka huku havikuwa kitu kimoja: kule kila mtu alikata ili achukue, hapa kila mtu anakata ili mwingine apate pa kukaa.

Isidhaniwe kwamba ng'ombe wote walipona. Mtamba mwekundu alikufa kabla ya mvua, na mimba yake. Waliobaki walihesabika kwa vidole vya mkono mmoja, na uzao ule tangu hapo ulisimama kwa mguu mmoja, lakini ulisimama. Zizi lilipanuliwa tena. Jioni Kitundu aliendelea kuwasha moto wake wa samadi, kwa sababu moshi nao ni kitu chema, na mtu lazima apulize pumzi yake kuwakinga walio wake. Ila hakuusifu tena kana kwamba ndio uliofungua uwanda. Na mwalimu alipokuja tena kunywa maziwa na kusema habari za jua, Kitundu alimwambia kwamba amefikiri sana, na analisikitikia jua. Limeingia mahali palipofunguliwa kwa kufa kwa wengine, na halina sikio la kusikia majina yao.

Nasi, ndugu zangu, tumo humo humo na jua: pumzi yake imetuzunguka, na nje ya pumzi hiyo imetuzunguka nafasi kubwa iliyoachwa na nyota zisizokuwapo tena. Hata hapa chini, nchi tunayokanyaga, lugha tunayosemea, amani tunayolala nayo, ni nani kati yetu aliyeifyeka kutoka katikati? Jua huwezi kulilaumu, kwa kuwa halina mdomo. Lakini wewe unao. Basi siku jina lako likiitwa ukingoni na watu wakakaa kimya wakikungoja, utaitika, au utawaacha wakulilie ili uendelee kukaa kwa raha?